Mama Mkwe Aliyetubu Kila Jioni

Kwa muda wa wiki kumi, katika fleti yetu ya ghorofa ya pili hapa Randburg, kusini kabisa mwa Afrika, niliisingizia familia moja ya Kihindi mambo ambayo haikuyatenda wala kuyasema. Familia yenyewe haipo, ni ya kwenye runinga. Hata hivyo niliisingizia kwa bidii ambayo sijawahi kuitumia kazini, na mimi ni mtu ninayelipwa na benki kwa kuandika ripoti. Nayasema haya mwanzoni ili mtu asije akadhani najitakasa.

Mama mkwe wangu alifika kutoka Voi mwezi wa nane akiwa na masanduku mawili na kikapu. Sanduku moja lilikuwa na nguo. La pili lilikuwa na unga wa mahindi, kwa sababu mtu fulani kanisani kwake alimwambia kwamba watu wa huku husaga mahindi mpaka yanapoteza ladha na akili. Watu wa forodha walimwachia apite nao, sijui kwa huruma au kwa woga. Aliingia nyumbani, akafungua friji, akatazama vibakuli vyangu vya plastiki vilivyopangwa kwa siku za wiki, akalifunga tena polepole. Yeye ni fundi cherehani, ameshona sare za shule kwa miaka arobaini, na amezoea kumpima mtu kwa macho kabla ya kumgusa kwa futi.

Mwenye pasipoti ya Kenya siku hizi hupewa siku tisini mlangoni. Aliniarifu kwamba atazitumia zote.

Sasa huo mchezo wa runinga. Kule nyumbani kuna kituo ambacho kimekuwa kikiuonyesha kila jioni kwa miaka sita, umetiwa sauti za Kiswahili na vijana wa Nairobi wanaomfanya kila Mhindi azungumze kama mtangazaji wa mpira. Mama mkwe hajakosa hata jioni moja isipokuwa siku aliyozikwa mumewe, na hata siku hiyo alimwachia jirani maagizo. Lakini kituo hicho kilianza kuuonyesha katikati. Vile vipindi vya mwanzo, mamia yake, havikuonekana Kenya. Ni binti yangu, wakati huo ana miaka tisa, aliyevikuta vyote kwenye mtandao, kuanzia cha kwanza kabisa, vikiwa katika Kihindi chenyewe na maandishi ya Kiingereza chini ya picha.

Mama mkwe aliposikia habari hiyo aliweka kikombe chini. Alisema miaka sita amewajua watu hawa wakiwa watu wazima na hajui walikotoka. Akataka tuanze na kipindi cha kwanza jioni ile ile.

Niseme ukweli kuhusu vipindi hivyo. Ni watu tisa katika nyumba ya vyumba vitatu, na ukuta wa sebuleni unatikisika kila mlango ukifungwa. Kuna babu asiyekaa ila kwenye kiti chake mwenyewe, hata akienda hospitali hubebewa. Kuna kijana mkubwa anayeuza sufuria, mke wake anayelaumiwa kwa chapati, na mtoto wao wa kiume. Kuna jirani anayekuja kuomba sukari na kuondoka na kitu kingine kabisa. Na juu ya wote kuna mama mkwe, mwanamke mpana mwenye shada la funguo kiunoni, za kabati, za stoo, za kila kitu. Akikasirika, uso wake huonyeshwa mara tatu mfululizo na radi hupiga, hata kama ni mchana na jua linawaka. Kuna watu wasioonekana wanaocheka, nao hucheka kabla ya mzaha kufika. Kipindi cha nne, dakika ishirini na mbili nzima, kinahusu pilipili moja iliyopotea. Nilidhani mama mkwe wangu atachoka. Alikitazama kama anayesikiliza kesi ya shamba.

Tatizo lilikuwa maandishi. Kiingereza chake cha kusoma ni cha mtu anayevuka barabara, anatazama kila upande kabla ya kuweka mguu, na akifika neno la tatu sentensi imeshaondoka. Kwa hiyo nilipewa kazi ya kufasiri. Sisi tuliokulia karibu na vibanda vya video tunaijua kazi hiyo. Mfasiri hushika maikrofoni na kueleza sinema ya Wachina kana kwamba alikuwepo ikipigwa, anawapa wahusika kabila, anawatukana maadui kwa niaba ya watazamaji. Nilikaa mwisho wa kochi nikajiona mmoja wao. Wiki mbili za kwanza nilifasiri kwa uaminifu mtupu, tena kwa madoido, na binti yangu akawa ananiegemea na kucheka. Nilianza kutoka kazini mapema ili tusichelewe kipindi cha saa kumi na mbili.

Kisha ikaja Jumapili. Tulikuwa mezani baada ya kanisa, kuku ameisha, na mama mkwe akamwambia mwanawe kwamba mwezi wa kumi na moja atarudi nyumbani na mtoto. Alimwambia yeye, si mimi. Nami nilikuwa nimekaa pale nimeshika mwiko. Alisema kuna chumba, kuna shule nzuri ya masista, muhula utaanza Januari, hakuna shida. Sababu yake ilikuwa kwamba mtoto hana lugha. Anaelewa Kiswahili, lakini ukimwambia neno anajibu kwa Kiingereza, na asipojibu kwa Kiingereza anasema eish, mguno wa watu wa huku. Juzi alimwita aje aamkie, mtoto akamwinulia kidole gumba akasema "sharp", ambayo huku maana yake ni sawa.

Mume wangu alitazama sufuria. Yeye ni mhandisi wa madaraja. Malori ya tani thelathini hupita juu ya hesabu zake bila wasiwasi. Mbele ya mama yake hawezi kubeba hata hapana moja. Alisema tutaona.

Nami nilisema "Sawa, Mama", nikaenda kuosha vyombo. Miaka kumi na miwili nimekuwa mke wa nyumba ile, na kwa miaka kumi na miwili hilo ndilo jibu langu kwake. Nilifunzwa hivyo na shangazi zangu, kwamba mama wa mume hajibiwi, huitikiwa. Niliosha sahani moja mpaka ikakaribia kutoboka. Niliogopa, sina neno jingine. Nawajua wanawake wawili hapa Randburg, wasomi, wenye magari mazuri, waliowapeleka watoto nyumbani wakalelewe na bibi zao. Kila mkutano wa akina mama husimulia jinsi watoto walivyo na adabu. Ni kweli, wana adabu. Mmoja alikuja likizo akamwita mama yake shangazi, akaomba radhi, na jioni yake akarudia.

Kumwambia mama mkwe wangu maneno hayo sikuweza. Mume wangu, nilipomwambia, alisema nisiwe na haraka, mama ataghairi mwenyewe, na akalala usingizi mzuri. Nikabaki na Wahindi.

Siwezi kusema nilipanga. Ilikuwa kipindi cha kumi na tisa. Yule mama mwenye funguo anamchukua mjukuu wake likizo kijijini kwake, na mtoto anarudi amenenepa, anacheka, amekumbatia jogoo. Maandishi yalisema hataki tena kukaa mjini, anataka kuishi na nyanya yake daima. Mdomo wangu ukasema, wenyewe, kwamba mtoto anaeleza jinsi alivyomlilia mama yake kila usiku.

"Mbona anacheka?" mama mkwe akauliza.

Nikasema ni furaha ya kurudi kwa mama.

"Maskini," akasema, akameza chai.

Sijawahi kuonja utamu kama ule. Watu husema uongo una miguu mifupi, lakini siku za kwanza unakimbia vizuri sana. Kesho yake nilimfanya mke wa yule muuza sufuria kuwa mwerevu kidogo. Keshokutwa nikampa sauti ya upole. Baada ya wiki mbili alikuwa mtakatifu anayepika. Na yule mama mwenye funguo, mwanamke ambaye katika Kihindi chake alikuwa akimtukana mkamwana kuanzia kifungua kinywa, nikamwongoa. Akinyoosha kidole, nilisema anajilaumu. Akirusha chapati dirishani, nilisema amegundua chumvi aliizidisha yeye mwenyewe. Radi ikipiga mara tatu na uso ukija karibu na meno yamekenuliwa, nilisema dhamiri inamchoma. Alitubu Jumatatu, akatubu Jumanne, na Ijumaa alitubu mara mbili kwa sababu tulitazama vipindi viwili.

Jumamosi alikuwa akija Mrundi mmoja kutoka Joubert Park kumsuka binti yangu. Ni mwanamke mcheshi, mikono yake haikosei, na alianza kuchelewesha kazi ili kipindi kimkute bado anasuka. Alivumilia Jumamosi tatu. Ya nne aliachilia kitana.

"Mimi nimekuwa na mama wakwe wawili," alisema, "mmoja Bujumbura, mmoja hapa hapa. Hakuna hata mmoja aliniomba pardon. Huyu anaomba kila siku? Huyo ni mgonjwa, wampeleke kwa daktari."

Mama mkwe alicheka mpaka akakohoa, akafuta macho kwa leso, akasema Wahindi wana mambo. Mimi nilicheka pia, kwa sauti ya juu kupita ilivyohitajika, kama wale watu wasioonekana.

Adui niliyemsahau alikuwa amekaa katikati yetu. Binti yangu anasoma Kiingereza haraka kuliko mimi. Mwanzoni alinitazama tu. Kisha akaanza kunong'ona kwa Kiingereza kwamba sivyo yule mama alivyosema, nami nikawa namfinya paja taratibu. Mama mkwe akageuka, akaweka mkono nyuma ya sikio.

"Nyanya hasikii hiyo lugha. Hebu niambie vizuri."

Mtoto alihangaika. Niliona maneno yakimpanda kooni na kushuka. "Yeye hajasema pole," akasema hatimaye. "Yeye amesema toka kwa jikoni yangu."

"Toka jikoni kwangu," mama mkwe akamsahihisha, bila haraka.

"Toka jikoni kwangu. Na akasema yeye ni mvivu."

Ningefanya nini? Miaka tisa tumembembeleza mtoto huyu aseme Kiswahili. Tulimpeleka kwenye darasa la Jumamosi la watoto wa Wakenya, ambako kwa mwaka mzima alipaka rangi ndovu na kurudi akisema ndovu. Tulimnunulia vitabu. Tulijaribu siku ya Kiswahili tu, ikafa kabla ya chakula cha mchana kwa sababu mume wangu alihitaji kueleza jambo la gari. Sasa Kiswahili kilikuwa kinamtoka mtoto kama bomba lililopasuka, na kazi yake ilikuwa kunishtaki. Ningemnyamazisha ningekuwa namnyima lugha, jambo ambalo ndilo lililokuwa likituletea kesi. Nisipomnyamazisha, naumbuka. Nilijitetea kwamba maandishi ya Kiingereza yana makosa, Kihindi chenyewe kinasema vingine. Mtoto aliniuliza tangu lini najua Kihindi. Nikasema kidogo kidogo, na Mungu ninayemwomba alinisikia.

Alikua katika kazi hiyo. Kila jioni alikaa ukingoni mwa kochi akisubiri nifungue mdomo. Mwishoni mwa mwezi wa kumi alikuwa ameshajifunza kusema mnafiki, mzushi, uongo mtupu na usimsikilize, yote kutoka kwa nyanya yake, ambaye alimgawia maneno hayo kwa upendo kama anayegawa pipi. Kipindi kilikuwa na sauti tatu sasa. Wahindi walisema, mimi nikasema, mtoto akasema mimi ni mzushi. Mama mkwe aliketi katikati ametulia, anatazama mbele. Nilijipa moyo kwamba mzee huwa haamini mtoto juu ya mtu mzima. Nilijipa moyo pia kwamba vipindi hivi hajaviona, na vile alivyoviona kwao ni vya miaka ya mbele huko, karibu watu wengine kabisa. Hapo ndipo palikuwa na ujinga wangu wote, na sikuuona.

Zilibaki siku sita. Tiketi ya mama mkwe ilikuwa imekuja zamani. Tiketi ya mtoto mume wangu alikuwa "anaishughulikia", maana yake alikuwa anasubiri mmoja wetu afe. Mama mkwe alikuwa ameshanunua sanduku dogo la waridi kwenye duka la Wachina na kuliweka wima mlangoni mwa chumba cha mtoto. Nilikuwa nikilipita kila asubuhi nikienda kazini.

Jioni ile ilikuwa kipindi cha funguo. Mke wa muuza sufuria anaomba ufunguo wa stoo, ufunguo mmoja tu, ili achukue mchele. Yule mama anasimama. Radi, uso, radi, uso, radi, uso. Anafungua mdomo kuanza hotuba, na umeme ukakatika. Siku hizi haukatiki sana kwa ratiba kama zamani. Hukatika kwa sababu mtu ameondoka na waya. Jua lilikuwa bado lipo dirishani, na tukabaki watatu tumeikabili runinga nyeusi.

"Haya, malizia," mama mkwe akaniambia. "Wewe unajua wanakwenda wapi."

"Hajui," akasema mtoto.

Nilijua kwamba sitapata nafasi nyingine. Hakukuwa na picha ya kunisuta wala maandishi. Nikasimulia. Nikasema yule mama anamtazama mkamwana wake kwa muda mrefu, anafungua shada la funguo kiunoni, lote, anamwekea mkononi. Anasema nyumba hii ni yako. Anasema, nilikosea nilipotaka mtoto wako awe wangu, mtoto hukaa na aliyemzaa, na nyanya amtembelee na kurudi kwake kwa heshima. Anapiga magoti. Sijui kwa nini nilimpigisha magoti. Nilikuwa nimefika mbali, machozi yananilengalenga, na sauti yangu imekuwa ya mahubiri.

Mama mkwe aligeuka akanitazama.

"Hizo funguo anazo mpaka leo," akasema.

Nikauliza nani.

"Huyo mama. Miaka sita namtazama, ziko kiunoni. Nimemwacha mwezi wa nane amelazwa, anatiwa dripu, na funguo ameziweka chini ya mto. Kwa hiyo wewe umezitoa lini?"

Nilifikiria kusema kwamba labda alizichukua tena baadaye. Nilikuwa tayari kutunga vipindi mia mbili vya kuzirudisha. Nikaona aibu, aibu ya kweli, ile inayopasha masikio moto. Binti yangu aliachia kicheko, akatumwa jikoni kuleta maji ambayo hakuna aliyeyataka.

Nilimuuliza alijua tangu lini.

"Tangu yule mtoto wa jogoo," akasema. "Huyo sasa ni baba mwenye watoto. Akigombana na mkewe anapanda basi anakimbilia kule kule kijijini kwa nyanya. Mtu aliyelia kila usiku angerudi huko?"

"Mbona hukuniambia, Mama?"

"Miaka kumi na miwili uko kwangu na hujaniambia neno ila sawa Mama, sawa Mama. Nikasema, kumbe ana mdomo. Kila ukidanganya najua unachotaka. Sasa niambie bila hao Wahindi."

Niliikalia mikono yangu. Nikasema, "Sitaki umchukue mtoto wangu." Sikutanguliza Mama wala samahani. Ndiyo sentensi ya kwanza niliyowahi kumwambia mwanamke yule ambayo haikupitishwa kwenye chujio la shangazi zangu.

"Haya," akasema.

Nikangoja. Hakuongeza. Nilitaka aongeze, nilikuwa nimejiandaa kwa vita vya wiki nzima.

"Ungesema tangu siku ile mezani ningepunguza hata siku za kukaa huku," akasema baadaye, akiinuka. "Na usidhani nimekusifu. Kutunga hujui. Mwanamke kama yule kupiga magoti, hata kipofu angekataa." Akaenda kulichukua lile sanduku la waridi, akalipeleka chumbani kwake, akatia ndani zawadi zilizobaki za kuwapelekea watu wa kanisani.

Mume wangu aliporudi akaambiwa mtoto haendi. Alisema, "Nilijua tu mtaelewana." Naiandika sentensi hiyo hapa ili ibaki.

Kule uwanja wa ndege mtoto alilia Kiswahili, sentensi nzima nzima, mbele ya foleni ya watu wa kila taifa. Mama mkwe alimfuta uso, akanipa mkono, akaniambia unga uliobaki niusonge kwa moto mdogo. Aliondoka. Nilikuwa nimeshinda. Mkutano wa akina mama uliofuata nilieleza kwa kirefu jinsi ya kumkabili mama wa mume bila kumvunjia heshima, jinsi ya kuketi naye na kusema wazi. Wahindi sikuwataja. Wale wawili wenye watoto wenye adabu walinitazama vibaya, nami nikafurahi.

Kazi ikanirudia. Wakati mama mkwe yupo nilikuwa natoka saa kumi na nusu, nikimwambia mkuu wangu kwamba nina mgonjwa, kwa sababu sikuthubutu kuwaacha wawili hao na kipindi. Sasa mtoto alikuwa wangu, hakuna anayemtaka, na ripoti za mwisho wa mwaka zilikuwa zimenirundikia. Nilianza kufika saa moja na nusu, wakati mwingine saa mbili. Nikifika nampa shavu, namuuliza shule imekuwaje, na huku nasoma ujumbe kwenye simu. Asubuhi namwahidi kwamba kesho nitawahi. Mimi si mama mbaya. Wote tulio huku tunaishi hivyo, na vibakuli vyangu vya plastiki vina majina ya siku.

Binti yangu na nyanya yake walifanya mpango wao. Saa kumi na mbili na nusu mtoto anaegemeza simu kwenye bakuli la matunda, uso wa mama mkwe umejaa kioo kutoka Voi, runinga inawaka, na yeye anafasiri. Wamefika kipindi cha mia moja na kitu. Msichana tuliyemwajiri amwangalie mtoto hutoka naye shule na hukaa chumbani na simu yake mpaka mmoja wetu afike. Mume wangu alinisifia kwamba Kiswahili cha mtoto kimeshika kabisa, na akajisifu mwenyewe kidogo.

Wiki iliyopita mkutano mmoja uliahirishwa nikafika mapema kuliko kawaida. Niliingia bila kelele kwa sababu niliwasikia, na nilitaka kusikia Kiswahili cha mtoto wangu kabla hajaniona. Nilisimama kwenye korido na mkoba begani. Alikuwa anafasiri vizuri sana, anatua kama mfasiri wa kibanda cha video, anabadilisha sauti.

"Sasa mama yake ameingia," alikuwa anasema. "Anamwambia, mwanangu, kesho nitatoka kazini mapema. Tutakaa pamoja. Simu nitaiweka kwenye droo."

"Na mtoto anasemaje?" mama mkwe akauliza kutoka kwenye bakuli la matunda.

"Anasema, hata jana ulisema hivyo."

Kule Voi kiti kikasogezwa karibu na simu.

"Endelea, mjukuu wangu," mama mkwe akasema. "Nyanya anakusikia."

Nilisogea hatua moja nikachungulia runinga. Maandishi yalikuwa bado hayajaondoka chini ya picha. Mama wa mtoto yule alikuwa sokoni peke yake na kikapu, anauliza bei ya vitunguu.